Bwana Yangu Alitoka Boloko, Lakini Alisahau Kusema Hapana

"Simama, wewe."

Ile sauti ilikuwa ya Godefroid, mudogo ya bwana yangu. Alikuwa anamuambia yaya yake, mutoto wa kwanza wa mama yao. Ndani ya lupango, uwanja ya nyumba yetu. Mbele yangu.

Na bwana yangu alisimama.

Mikono kwenye mapaja. Visigino pamoja. Macho chini.

"Annie, mutoto yako, nitamuoza kwa Faustin. Unasikia?"

"Ndiyo, bwana."

"Siku ya Mungu, kisha misa, banakuja na munkoyo ya posa. Utakunywa. Unasikia?"

"Ndiyo, bwana."

Mi nilikuwa na mwiko ya kusonga bukari mukononi. Nilitaka kumupasua nayo Godefroid uso. Lakini lile neno lilinizuia. Mukubwa anamuita mudogo yake bwana.

Godefroid alinigeukia, akacheka kidogo.

"Umesikia, shemeki? Baba ya mutoto amekubali."

Ninyi ba mama munaosoma hii, mukae vizuri munisikilize. Mi sikusoma sana, niliishia kwa masoeurs, masista ya misioni, darasa ya tano. Sina maneno ya kupamba. Ninaandika juu ninaona banaume wengine banaanza kutoka boloko, gereza ya serikali, na bibi zao banachinja kuku na kuimba, banafikiri mambo imeisha.

Haijaisha. Njo kwanza inaanza.

Jina yangu ni Victorine. Bwana yangu ni Casimir. Mwaka ya vita ya bazungu, alikuwa fundi kwa atelier, karakana ya reli, hapa Elisabethville. Siku moja shefu yake ya kizungu alimupiga kofi mbele ya bantu yake. Casimir akamurudishia.

Kofi moja. Bakamupa miaka tisa.

Mwanzo bakamuweka hapa, kisha bakamupeleka boloko ya mbali ambako bibi haruhusiwi kufika. Alipoenda, Annie wetu alikuwa anang'oka meno ya utoto. Aliporudi, Annie iko musichana wa kuolewa, anashona nguo, banaume banageuza shingo njiani.

Ule Casimir niliyemujua alikuwa muntu wa makelele. Alikuwa anabishana na padri juu ya mahubiri. Alikuwa anabishana na mvua.

Ule aliyerudi, siku ya kwanza, alisimama mbele ya mulango ya nyumba yake na hakuingia. Nilifikiri analia. Nikatoka nyuma, nikazunguka, nikamuangalia uso. Hakuwa analia. Alikuwa anangojea muntu afungue.

Mulango haukuwa na funguo, ba mama. Ni wa kusukuma tu.

Nikimuwekea bukari na majani ya sombe, anaviangalia mpaka vinapoa. Nikisema "kula", anakula mbio, mukono umezunguka sahani. Asubuhi ananiomba ruhusa ya kwenda choo. Kitanda alikikataa, akalala chini, mugongo kwa ukuta.

Jirani yangu Brigitte, kinywa chake hakina kifuniko. Alisimama kwa ua akaniita:

"Mama Annie, ile ni bwana ao ni boyi ya kutumwa?"

"Brigitte, niache."

"Hapana, mi nauliza tu. Yangu nikimuambia 'kaa', anaenda kwa pombe. Yako nikimuambia 'kaa', anakaa. Tubadilishane hata juma moja."

"Funga ile kinywa kabla sijakufungia."

Alicheka mpaka akashika tumbo. Lakini Brigitte alikuwa anacheza tu. Muntu mubaya ni ule asiyecheka.

Godefroid alikuja kumusalimia yaya yake ile juma ya kwanza. Akamuambia, kwa mazoea tu, "Kaa chini." Kiti kilikuwa pale. Casimir akakaa chini, kwa udongo, kando ya kiti.

Godefroid alianza kucheka. Kisha akaacha.

Akamuangalia yaya yake muda murefu, vile muntu anaangalia chombo kwa soko na kujiuliza kitafanya kazi gani.

Akasema, polepole:

"Simama."

Akasimama.

"Kaa."

Akakaa.

Pale njo mutoto yangu alianza kupotea.

Faustin ni nani? Faustin ni kapita. Anapanga bantu kwa kazi, na akisema fulani apate nafasi kwa magasin, gala ya vitu, fulani anapata. Godefroid alikuwa anaota ile nafasi. Na Faustin alikuwa anamuota Annie. Muntu mwenye mvi mpaka kwa masikio. Bibi yake ya kwanza alikufa. Ya pili alikimbilia kwao, mukono umevunjika, na hakurudi hata kuchukua vyungu vyake.

Annie aliniambia mbele ya moto:

"Mama, nikienda kule, mutanizika."

"Hautaenda."

"Nani atakataa? Weye?"

Alisema kweli. Juu kwa jamaa yetu, sisi bantu ya kaskazini, mama hana neno pale. Bantu ya muchumba banaleta munkoyo, kinywaji ya mahindi na mizizi, banaujaza kikombe, banamupa baba. Baba akikunywa, ametoa mutoto. Akimwaga chini, amekataa, na hakuna wa kumuuliza mara ya pili. Baba akiwa hai, mwengine hawezi kushika ile kikombe. Njo maana miaka yote Casimir alipokuwa ndani, Godefroid hakuweza kumuoza Annie.

Sasa alikuwa na yaya mwenye mukono wa kushika kikombe, na kinywa cha kusema ndiyo.

Ile juma ya kungojea siku ya Mungu, nilimufundisha bwana yangu kama mutoto wa katekisimu.

"Baba Annie, sema: hapana."

Aliangalia mikono yake.

"Sema. Ha-pa-na."

"Ndiyo."

"Si ndiyo. Mi ni Victorine, si polisi. Faustin akikupa kikombe, unamwaga. Unamutaka Faustin kwa mutoto yako?"

Alitikisa kichwa. Kidogo sana, kama anaogopa kichwa kitafanya makelele. Hakumutaka. Alielewa yote, ba mama. Musifikiri alikuwa mujinga.

"Basi sema."

Aliangalia mulango kwanza. Akaniambia kwa sauti ya chini:

"Kule, mwenye kusema ile neno banamulaza chini. Fimbo. Asubuhi, mbele ya bote. Mi nililisema mwaka ya kwanza. Nililisema na mwaka ya pili." Akakwangua udongo na kidole. "Mwaka ya tatu, nikilitafuta, halikuwa tena."

"Hapa si kule."

"Ndiyo, bwana."

Aliniita bwana. Mimi, bibi yake.

Nilitoka nje, nikalia nyuma ya choo, mahali Brigitte hawezi kuniona. Nilipogeuka, Annie alikuwa amesimama kwa dirisha. Alikuwa amesikia yote.

Siku ya Mungu ilifika.

Bakakuja banavaa nguo ya misa. Faustin na kofia yake. Musemaji wao alikuwa Liévin, yaya ya Faustin, muntu mukavu, fimbo ya kutembelea mukononi, mwenye kuangalia bantu kama wote banamudanganya. Godefroid alijiweka nyuma ya kiti ya Casimir. Si kando. Nyuma. Alijua anafanya nini.

Liévin aliongea maneno ya desturi, tumeona ua kwa lupango yenu, na kadhalika. Kisha akauliza:

"Casimir, baba ya Annie, unatupatia?"

Godefroid alikohoa.

"Ndiyo, bwana," Casimir alijibu.

Liévin alikunja uso.

"Mi si bwana yako. Mi ni mugeni wako."

"Ndiyo, bwana."

Faustin alisema haraka, "Yaya, jaza tu kikombe."

Bakajaza. Bakamupa. Bwana yangu aliupokea kwa mikono mbili... na akakaa nao.

Hakukunywa. Hakumwaga. Alikuwa anangojea.

Bote tuliangalia kikombe. Nilimuomba Mama Maria, nikamuomba na baba yangu aliyekufa, mwaga, Casimir, mwaga tu, mukono uteleze hata kwa bahati mbaya.

Godefroid aliinama kwa sikio yake.

"Kunywa."

Kikombe kilianza kupanda.

Pale mulango ya nyumba ulipigwa kwa nguvu, na Annie akatoka. Hakutoka kama mutoto. Alitoka kifua mbele, mikono nyuma, na sauti aliyotoa sikuwahi kuisikia kwake. Ilikuwa sauti ya askari ya boloko, ya kuamuru muntu asimame wima.

"Garde-à-vous!"

Casimir aliruka. Kiti kilianguka. Visigino vyake vilipigana.

"Wewe mufungwa! Mwaga ile kitu chini. Mbio."

Na bwana yangu, baba yake, muntu aliyemubeba mabegani kwenda kuona treni... alimwaga. Munkoyo wote. Nusu kwa udongo, nusu kwa viatu ya Faustin.

Nitasema kweli, roho yangu iliruka kwa furaha. Kisha niliona uso ya bantu.

Hakuna mutoto anayemuita baba yake "wewe". Hata muchawi hamuiti baba yake hivyo mbele ya bageni.

Godefroid alianza kupiga kelele:

"Haihesabiki! Mutoto alimuamuru, hamukuona? Jazeni tena!"

Liévin aliinuka polepole, akamuelekezea fimbo yake.

"Na weye? Tangu tuingie, unamukoholea kwa kisogo. Kama kumwaga kwa amri haihesabiki, basi ndiyo yake pia haihesabiki. Mulituita kuoa ao mulituita kuona mufungwa akichezeshwa?"

"Muzee Liévin..."

"Nyamaza. Kapita haoi kwa nyumba yenye mashefu bawili na baba hakuna." Akamugeukia mudogo yake. "Faustin, panguza viatu, tuende."

Bakaenda. Godefroid alibafuata mbio, anaomba, anaita muzee, muzee. Nafasi ya magasin ilikuwa inatembea mbele yake na haigeuki.

Ninyi munasema, asante Mungu, mutoto ameokoka. Mi pia nilisema hivyo.

Annie alikuwa mutoto tena, sauti ya askari ilikuwa imemutoka yote. Aliingia, akapasha maji, akaleta beseni. Akapiga magoti mbele ya baba yake, aliyekuwa angali amesimama pale pale, kichwa juu.

"Tata, unisamehe. Sikuwa na njia ingine. Leta mikono nikunawishe."

Casimir alimuangalia. Mara ya kwanza tangu arudi, alimuangalia muntu machoni.

"Hapana," alisema.

Ba mama... beseni karibu inianguke mimi, na hata sikuishika.

"Tata?"

"Hapana. Kule, bale walioniita vile, sikujua mama zao. Weye nilikupatia jina."

"Tata, nilikuwa nakuokoa. Nilikuwa najiokoa."

"Najua."

"Basi nisamehe."

"Hapana. Usilale kwa nyumba yangu."

Hakupiga kelele. Ningetaka apige. Alisema kama muntu anayeonja chakula alichosahau, na anaona kingali na ladha.

Nilimuangukia miguu. Nilimuambia, Casimir, Annie ni mumoja tu tuliye naye. Nilimuambia, muchukie Godefroid, Godefroid njo alikuuza. Alinijibu, "Godefroid ni muntu mubaya, nilijua. Annie nilikuwa sijui."

Kesho yake mutoto yangu alipanda kamyo, lori ya bafanyabiashara, kwenda Mitwaba kwa dada yangu. Nguo mbili na sindano zake. Hakulia, na baba yake hakutoka nje. Alisukuma mulango kidogo, yeye mwenyewe, bila kungojea muntu, akaangalia kamyo ikigeuka. Kisha akaufunga.

Tangu pale, neno limerudi. Godefroid alijaribu tena, alikuja na midomo mirefu, "Simama, wewe, umeniharibia kazi." Casimir alikuwa anakula. Alisema, "Hapana," akaendelea kula. Godefroid alisimama pale kama muntu aliyeitwa na hakuna aliyemuita. Brigitte kwa ua yake alikosa hata ya kusema.

Lakini ananiambia hapana na mimi. Kitanda, hapana. Kwenda misa, hapana. Kutumia Annie salamu, hapana. Siku zingine ninajiambia, Victorine, uliomba neno, umepewa neno, sasa kula.

Sasa sikiliza, weye mama ambaye bwana yako ao mutoto yako anatoka juma ijayo. Usichinje kuku na kuita jamaa. Usimupe kiti ya kichwa cha nyumba siku anayofika, kumubebesha neno kubwa la ukoo. Ule anayerudi hana mabega ya ule aliyeenda. Fukuza kwanza bale wanaojua kumuambia simama, hata kama ni damu yake, hata kama banakuletea sukari. Mulango, umuache nao. Asimame mbele yake hata kutwa nzima, usimufungulie, usimucheke, mpaka mukono yake ukumbuke. Na watoto yako, bafundishe mapema, kabla hajafika, kwamba kuna sauti moja ambayo mutoto haitumii kwa baba yake, hata nyumba ikiungua. Juu nyumba itajengwa tena.

Mi sikuwa na wa kuniambia hii. Weye umeambiwa.

Jana Annie alinitumia neno kupitia dereva ya kamyo. Dada yangu amemupatia mashini ya kushona, bantu ya kule banapenda kazi yake. Anauliza kama anaweza kuja kutusalimia kisha mavuno.

Nilimupelekea Casimir hiyo habari. Alikuwa amekaa nje, anarekebisha mupini ya jembe. Nilimuambia yote, nikangojea lile neno lake, nimekaza meno.

Aligeuza mupini. Akaukwangua upande mwengine. Jua likazunguka mpaka likatupita, na mi nilikuwa ningali nimesimama.

Hakusema ndiyo.

Lakini hakusema hapana.