Bei Imeshuka, Zulia Liko Wapi?

Fundi alikuwa mchomeleaji wa vyuma. Karakana yake ilikuwa mbele ya nyumba. Ilikuwa na paa la bati, meza ya chuma na mashine ya kuchomelea. Mashine hiyo ndiyo iliyolisha nyumba nzima. Kila asubuhi Fundi alikunywa chai akiwa amesimama, akavaa miwani yake myeusi, akaanza kazi. Ndani, mkewe alishona sare za shule. Binti yao mkubwa alifanya kazi katika duka la dawa. Mwezi uliofuata alikuwa anaolewa.

Mtaa mzima ulijua kwamba Fundi hana mpinzani katika kupunguziwa bei. Akienda kununua bomba au misumari, muuzaji alianza kulalamika kabla Fundi hajafika kaunta.

Jioni moja alirudi nyumbani akipiga mluzi.

"Mama watoto! Mambo ya mapambo yamekwisha. Yule Bosi Mapambo wa barabara kuu alitaka pesa zinazotosha kununua pikipiki mpya. Nimemkaba mpaka akapunguza robo nzima. Ametoka jasho, usipime!"

"Hongera," mkewe alisema bila kuacha kushona. "Amepunguza nini?"

"Si nimekwambia? Amepunguza bei."

"Bei nimesikia. Nauliza vitu."

"Vitu ni vilevile. Mahema, viti, jukwaa, maua. Kila kitu."

"Na hizo pesa za kumlipa tunazo?"

Fundi aliacha kupiga mluzi. Alitazama nje, upande wa karakana.

"Nusu tunayo. Nusu nyingine... kuna mtu anataka kununua mashine. Atakuja Ijumaa. Nikishauza tu, nampelekea Bosi malipo yake."

Cherehani ikanyamaza.

Binti alikuwa amesimama mlangoni, mkoba bado uko begani. Alikuwa amesikia yote.

"Baba, mashine haiuzwi."

"Mwanangu, nitanunua nyingine."

"Kwa kazi gani? Utachomelea kwa kidole? Harusi ni siku moja. Kesho yake nyinyi mtakula nini?"

"Na watu watasema nini? Kwamba Fundi amemwoza mwanawe chini ya turubai?"

"Waseme. Kama bei ya Bosi ni ya haki, tutatafuta njia nyingine ya kuilipa. Kama si ya haki, hatulipi. Lakini kwanza nataka kujua. Siwezi kuingia kwangu huku nimewaacha nyinyi mikono mitupu."

Fundi alimjua binti yake. Akishasema hivyo, hata umkate hageuki.

Jirani yao aliitwa Mama Mizani. Kwa miaka mingi alikuwa mnunuzi wa hospitali. Alinunua mashuka, viazi, sabuni, vitanda. Wauza viazi ndio waliompa jina hilo, kwa sababu alikuja sokoni na mizani yake mwenyewe. Binti alimfuata jioni ileile. Mama Mizani akaja, akavuta kigoda, akaketi karibu na cherehani.

"Shemeji," alimwambia Fundi, "mtu akija karakana kwako akauliza, 'Geti bei gani?' unamjibuje?"

"Namuuliza geti gani. Upana wake, bomba nene au jembamba, rangi napaka mimi au anapaka mwenyewe."

"Akisema, 'Wee taja bei tu'?"

Fundi alikuna kidevu. "Hapo nataja ya juu. Si najikinga? Sijui anataka nini."

"Akikukaba upunguze?"

"Natumia bomba jembamba."

Walitazamana. Mkewe ndiye aliyeanza kucheka.

"Haya, baba watoto, umepata geti la bomba jembamba!"

"Msinicheke," Fundi alisema, lakini na yeye alikuwa anacheka kidogo. "Sasa nifanyeje?"

"Anza na kile mnachotaka nyinyi," Mama Mizani alisema. "Wageni wangapi? Viti vingapi? Saa ngapi mpaka saa ngapi? Mkishakubaliana, nendeni kwa watu watatu. Wote waambieni maneno yaleyale. Kila mmoja ataje bei ya kila kitu peke yake, siyo bei ya jumla. Ulizeni nani anabeba, nani anafunga mahema, nani anakuja kufungua. Kiti kikivunjika analipa nani?"

"Nasikia usiseme ni harusi," Fundi alidakia. "Ukisema mkutano, bei inashuka."

"Utaletewa viti vya mkutano, shemeji. Sema ni harusi. Halafu uliza kwa nini bei ni tofauti. Mwenye sababu ataitoa. Asiye na sababu ataanza kumsifia binti yako."

Usiku huo walipiga simu upande wa bwana harusi. Walihesabu wageni pamoja. Kumbe hawakufika mia mbili. Bosi alikuwa ameweka viti mia tatu, na hakuna aliyemuuliza kwa nini.

Kesho yake Fundi, mkewe na binti walikwenda kwa Bosi Mapambo. Ofisi yake ilikuwa na kiyoyozi na picha kubwa za maharusi ukutani.

"Mzee wangu! Umeleta malipo?"

"Nimeleta maswali," Fundi alisema. "Katika ile bei tuliyokubaliana, kuna zulia jekundu?"

"Zulia? Aa, hilo lilikuwa kwenye bei ya kwanza."

"Kuta za mahema je? Mvua ikinyesha?"

"Kuta pia ni bei ya kwanza, mzee."

"Jenereta?"

Bosi alikohoa. "Ulinikaba sana, mzee wangu. Mimi ningefanyaje?"

Fundi hakuweza hata kukasirika. Alijiona mwenyewe na bomba lake jembamba.

"Maua ya jukwaa ni bei gani peke yake?" binti aliuliza.

Bosi hakutaka kusema. Binti aliuliza tena, kwa upole uleule. Mwishowe Bosi akataja. Maua peke yake yalikaribia bei ya mahema na viti vyote.

"Kwa nini yawe ghali hivyo?"

"Bibi harusi, wewe ni mzuri mno! Uzuri huu ukae mbele ya maua ya bei rahisi?"

Mkewe Fundi alimkanyaga mumewe mguu chini ya meza. Waliaga, wakatoka.

Wa pili alikuwa kijana mmoja anayekodisha viti nyuma ya gereji. Bei yake ilikuwa chini mno. Fundi alitaka kulipa palepale. Mkewe alimshika mkono.

"Baba watoto, kalia kwanza."

Fundi alikalia kiti kimoja. Kilipinda. Alikalia cha pili. Kilitoa mlio kama mlango wa stoo.

"Nani anavileta?" mkewe aliuliza.

"Mnakuja kuchukua wenyewe, mama. Na mnarudisha wenyewe."

"Tunalipa lini?"

"Leo. Pesa zote."

"Risiti unatoa?"

"Mama, tuaminiane tu."

Hawakuaminiana. Walikwenda zao. Njiani Fundi alihesabu kwa vidole gharama ya lori la kwenda na la kurudi, vibarua, na viti ambavyo vingewavunjikia mikononi. Ile bei ya chini ikapanda mpaka ikampita Bosi.

Wa tatu alikuwa mama mmoja mwenye mahema. Uwanja wake ulikuwa na kamba za nguo kila upande, na vitambaa vyeupe vya viti vilikuwa vinakauka. Bei yake kwa kiti kimoja ilikuwa juu kuliko ya Bosi.

"Nasikia kwa mkutano unakodisha kwa nusu ya hii," binti alisema. "Kwa nini harusi iwe ghali?"

Mama alionyesha kamba. "Unaona vitambaa hivi? Mkutano hauvitaki. Kila harusi nafua, napiga pasi. Kingine, mkutano unakwisha mchana. Harusi vijana wangu wanangoja mpaka usiku ndipo wafungue mahema. Nawalipa. Katika bei hii kuna kubeba, kufunga, kufungua, kuta za mahema na zulia. Jenereta ni bei yake peke yake. Na kama unataka kumuuliza mtu niliyemfanyia kazi mwezi uliopita, nitakupa namba yake."

Binti alipiga namba hiyo palepale. Aliyejibu alisema mahema yalifika mapema na hakudaiwa chochote cha ziada.

Walijumlisha. Viti vya wageni wao tu, bila maua. Jumla ilikuwa ndogo sana kuliko ya Bosi. Lakini bado iliwazidi kidogo, kwa sababu ya jukwaa.

Fundi hakuanza kukaba. Alikuwa anatazama kona ya uwanja. Viti vya chuma vilikuwa vimerundikwa pale, miguu imekatika.

"Hivi unavifanyia nini?"

"Nitaviuza vyuma chakavu. Fundi wangu amehama."

Fundi alichukua kimoja, akakigeuza, akagusa pale palipokatika. "Hiki si cha kutupa. Ni sehemu ya kuungia tu. Vyote hivi nitakuchomelea. Na wewe, jukwaa utanipa kwa bei gani?"

Mama alimtazama. "Ukivichomelea vizuri, jukwaa ni bure."

"Nikivichomelea vibaya usinipe hata zulia."

Waliandikiana kila kitu, bei moja moja. Walilipa sehemu tu, wakapewa risiti. Sehemu iliyobaki ingelipwa mahema yakishasimama.

Ijumaa mnunuzi wa mashine alifika, pesa zikiwa mfukoni. Alikuta karakana imejaa viti mpaka barabarani. Fundi alikuwa chini, cheche zinaruka.

"Mzee, nimekuja kuchukua mashine."

Fundi hakuvua miwani. "Haiuzwi."

"Tulikubaliana!"

"Nilikosea, nisamehe. Lakini nikikupa mashine, hivi viti nitavichomelea kwa mate?"

Siku ya harusi mvua ilinyesha baada ya chakula. Vijana wa mama wa mahema walishusha kuta, na hakuna mgeni aliyelowa. Binti alikaa jukwaani bila ua hata moja nyuma yake, na watu walimtazama yeye. Hakuna aliyeuliza maua yako wapi.

Mgeni mmoja, mwenye binti wa kuozwa mwaka ujao, alimvuta Fundi pembeni.

"Mambo yamependeza, bwana. Hebu niambie ukweli. Umelipa kiasi gani?"

Fundi alivuta viti viwili. Kimoja akampa mgeni, cha pili akakalia mwenyewe.

"Kaa kwanza," alisema. "Niambie wewe unataka nini."