Vidirisha vya Chini

Jua lilikuwa linazama mpambaji alipoingia ukumbini kushusha vitambaa vya harusi ya jana. Mji mzima ulikuwa umeoa na kuolewa humo, na yeye aliujua ukumbi ule kama jiko lake. Kilichobaki kilikuwa ujia wa nyuma ya jukwaa, wenye vyumba vya kuwekea viti.

Kamba ya kiatu chake ikafunguka. Alipoinama kuifunga, akaona kitu ambacho miaka yote hakukitilia maanani. Kila mlango ulikatwa kidirisha chini kabisa, upana wa sahani.

Harufu ya dawa ya vidonda ikamjia.

Kisha kitu kikakwaruza. Kwaru... kwaru...

"Dada," sauti ikanong'ona kidirishani. "Maji."

Alidhani ni mfagiaji aliyefungiwa kimakosa. Akasukuma chupa yake ndani. Mkono ukaipokea. Vidole vilivyomgusa vilikuwa vya moto kama pasi.

"Nani kakufungia humo?"

"Walisema watarudi asubuhi."

Mlango wa pili nao ukanong'ona:

"Na sisi..."

Alitoka mbio, vitambaa vikabaki sakafuni.

Nyumbani, mama mkwe alimsikiliza huku akikunja nguo.

"Kabla hapajawa ukumbi, walitengwa pale wagonjwa wa ndui," alisema. "Mama yangu alikuwa akiwapelekea maji. Siku moja wauguzi wakaondoka, milango wakaiacha imekomewa. Mama akaenda kuwafungulia. Nilikuwa mdogo... Hakurudi."

Akainuka, akajaza ndoo.

"Mama, twende kesho mchana."

"Wamengoja vya kutosha."

Giza lilikuwa limeshaingia walipofika. Mama mkwe alipitisha kikombe mlango hadi mlango. Kila mara kilirudi kikavu, kina joto. Mlango wa mwisho hakikupokelewa.

Halafu sauti, taratibu:

"Umezeeka, mwanangu."

Mama mkwe akashika komeo. Mpambaji akamkumbatia kwa nyuma, akamvuta huku akimsihi, hadi barabarani penye taa.

Tangu hapo mpambaji hapokei kazi ya ukumbi ule, ingawa watu bado wanacheza humo hadi jasho liwatoke. Kinachomnyima raha ni mama mkwe. Kila magharibi huoga, huvaa vizuri, hukaa karibu na mlango. Jana, mpambaji alipokuwa akimpelekea chai, alimsikia akimjibu mtu kwa sauti ya chini:

"Nakuja, mama. Ngoja huyu alale."