Ukoo wa Jalala

Mtoto alikuwa na siku kumi na mbili tu duniani, shingo bado laini kama uji, lakini alikuwa anageuka kila akiitwa. Shida ni kwamba hakuna aliyemwita.

"Umeona?" mama yake aliuliza, ameganda na nepi mkononi.

"Nimeona nini? Ana akili huyo. Kachukua kwangu," baba akajibu, akaenda zake kazini, kavimba kama chura.

Huyo baba alikuwa karani wa vyeti vya kuzaliwa, dirisha namba mbili. Mnawajua watu wa aina yake. Mpe mtu mhuri, basi anadhani na Mungu anapanga foleni kwake. Watu walimwita Bwana Mhuri, na yeye, zuzu, akafikiri ni sifa. Foleni yake ilizunguka jengo mara tatu, maana hakuna jina lililopita pale bila kutukanwa. Mama akisema mwanawe anaitwa Shida kwa kuwa kazaliwa kipindi cha shida, Bwana Mhuri anacheka mpaka vioo vinatikisika. "Shida? Umezaa mtoto au umeleta barua ya malalamiko?" Mwingine alileta jina la Njiani, mtoto kazaliwa njiani wakiwahi hospitali. Akaulizwa mbele ya watu mia nne, "Na angezaliwa chooni?"

Na huyu huyu mcheka watu, jina lake la ukoo lilikuwa Jalala. Ndiyo, jalala, pale panapotupwa maganda na panya waliokufa. Babu yake aliitwa hivyo, baba yake akarithi, na yeye akalibeba kama mtu aliyefichiwa samaki aliyeoza mfukoni. Kazini alijiandika J tu, na nukta.

Basi mkewe alipojifungua, baada ya kungoja miaka kumi na moja, Bwana Mhuri akaapa mwanawe hataitwa Jalala hata kwa bunduki. Akaingia stoo ya ofisi, akafungua daftari la zamani lililokuwa linabomoka kama mkate mkavu, akapata humo jina la ukoo zito, lenye kishindo, jina la kukalia kiti cha dhahabu. Hapa halitajwi. Anayelitaka akalitafute mwenyewe, na liwe lake na watoto wake. Lilikuwa limeandikwa mara saba, vichanga saba vya nyumba moja, na vyote vimekatwa kwa wino mwekundu: amefariki, amefariki, mpaka chini ya ukurasa. Mwenye ubongo angelifunga daftari akatoka mbio. Yeye alifurahi. "Wenyewe wameisha," alisema, "nani atakuja kudai?" Akaandika cheti, akagonga mhuri, paa!

Siku aliyokipeleka cheti nyumbani, chumba cha mtoto kilianza kunuka nywele zilizoungua. Kesho yake ndipo mtoto akaanza kugeuka. Mwanzo aligeukia dirisha, halafu kabati, halafu juu ya bega la mama yake, karibu kabisa, na hapo alikuwa anacheka. Siku ya kumi na tano akaacha kunyonya. Siku ya kumi na saba alikuwa mwepesi kama kitambaa.

Walimleta mganga mmoja mwenye mikufu mingi kuliko duka la vito. Alifika mlangoni, akanusa, akasema amesahau dawa nyumbani. Mpaka leo anaifuata.

Siku ya kumi na nane Bwana Mhuri alirudi mchana, jua la utosi, akapita kwenye korido, na ndipo na yeye akasikia: sauti iliyotoka chumbani, si ya mwanamume wala ya mwanamke, inalisoma lile jina polepole kama mwalimu anayeita mahudhurio, inalisoma tena, na kila ikimaliza kulisoma kuna kitu kidogo kinaitikia kwa pumzi, na hicho kitu kidogo ni mwanawe, na yeye pale ukutani miguu imekataa, mkojo umekubali, na ule mdomo uliowahi kunyamazisha watu mia nne haukuweza kusema hata "nani".

Mkewe ndiye aliyemwita shangazi wa mumewe, binti wa mwisho aliyebaki wa mzee Jalala mwenyewe. Bibi wa miaka mia moja na kitu, mdomo wembe. Aliingia, akavuta hewa mara moja tu.

"Mmempa jina gani huyu?"

Karani akamnong'oneza sikioni. Shangazi akampiga kofi.

"Umelitoa wapi?"

"Daftarini, shangazi. Nilidhani ni la watu waliokufa."

"Ni la kwetu, mbwa wee! Hao saba ni ndugu wa baba yangu. Wote walichukuliwa kabla ya siku arobaini. Yeye alikuwa wa nane. Mama yake alimzaa, akaenda kumlaza juu ya jalala, akamtemea mate, akasema, uchafu huu, anayeutaka achukue. Hicho kitu kilichowachukua kikaja, kikanusa, kikasonya. Kina majivuno, hakibebi takataka. Jirani akamwokota, na jina likawa hilo. Ndiyo sababu upo hapa unagonga mihuri!"

"Mbona hukuniambia?"

"Uliwahi kuniuliza? Wewe si ulikuwa unaweka nukta?"

"Basi nakichana cheti."

"Chana. Hicho hakisomi karatasi, kimeshasikia. Wewe ndiye uliyempamba, wewe ndiye umpake uchafu. Kwa mdomo wako, na kikuamini."

Wakaingia chumbani. Mtoto hakuwa amelala kwenye godoro. Alikuwa anaelea juu yake, kiganja kimoja hivi, shuka limening'inia chini, na hakuna mkono uliomshika. Mama alitaka kuruka, shangazi akamkamata kanga.

"Jalala," baba akaita, sauti inatetemeka. "Jalala wangu."

Kitu kikacheka pembeni ya kabati. Mtoto akapanda kiganja kingine.

"Unambembeleza!" shangazi akafoka kwa mnong'ono. "Mtukane kama unavyotukana watoto wa wenzio dirishani!"

Bwana Mhuri akafumba macho. Akaitafuta ile sauti yake ya dirisha namba mbili, na akaipata.

"Hiki nini?" akabweka. "Nani kaleta kinyaa hiki? Miaka kumi na moja nangoja mtoto naletewa ganda la ndizi! Uso kama soli! Unanuka! Jalala, mtoto wa Jalala, mjukuu wa Jalala, mkuu wa taka zote! Mwenye shida ya uchafu abebe, atupunguzie!" Machozi yanamtiririka mpaka kidevuni, lakini sauti haikutikisika, maana dharau ndiyo kazi pekee aliyoijua vizuri.

Ukasikika mnuso mmoja mrefu, na msonyo uliopasua kioo cha kabati. Mate ya baridi yakampiga baba shavuni. Mtoto akaanguka godoroni puu, akalia, akatafuta ziwa.

Hiyo ni miaka minane sasa. Mwezi uliopita kulikuwa na kikao cha wazazi shuleni. Mwalimu akamsimamisha binti yao mbele, wa kwanza darasa zima, akasema kwa sauti, "Mtoto huyu ni lulu, ni malkia." Pazia la dirisha likavimba, na upepo hakuna.

Bwana Mhuri akaruka juu ya dawati. "Lulu? Hilo? Hilo ni jalala, mwalimu! Ni ganda! Hata kunguru hawalitaki!"

Wazazi wakaguna. Mama mmoja akalia kabisa. Mwalimu akamwambia ni mnyama, si baba. Binti akaja taratibu, akamshika kidole, akamvuta sikio lishuke.

"Ongeza, baba," akanong'ona. "Bado kinaninusa."