Jeneza la Victor Otuoma

Jeneza lilikuwa tupu.

Inspekta Kashindye alichungulia mara mbili. Misumari ilikuwa imeng'olewa taratibu, ikapangwa juu ya kiti. Mwizi mwenye nidhamu! Na nje, nusu ya watu wa Ilemela walikuwa wakisubiri mazishi ya saa nane.

"Maiti imeibwa lini?"

"Haikuwa maiti, afande," alisema Mzee Owuor, kaka wa marehemu. "Victor alizama na boti ya sangara mwaka jana, tisini na nne. Hakuonekana. Kwetu Wajaluo, mtu asipoonekana tunazika tunda refu la mti wa mwegea badala yake. Tulilivalisha suti yake."

"Nani alibaki na jeneza alfajiri?"

"Mkewe, Amondi. Lakini ndiye mfiwa! Atajiibia mwenyewe?"

Kashindye alikuwa Msukuma. Mambo ya mwegea hakuyajua. Wizi aliujua. Alizunguka nyuma ya nyumba, Mzee Owuor akimfuata. Kwenye kamba, kati ya kanga mbili, suti nyeusi ilikuwa inachuruzika maji.

Amondi alikuwa anapuliza mkaa wa pasi. Hakuinuka.

"Suti ya nani hiyo, mama?"

"Ya baba watoto. Imeshika harufu ya vanishi. Ataivaa Jumapili."

"Na tunda?"

"Liko chooni. Nimelitumbukiza mwenyewe."

"Umemtupa ndugu yangu chooni!" Mzee Owuor alifoka.

"Nimetupa tunda, shemeji! Ndugu yako yu hai."

"Amondi," Kashindye alisema, kwa upole uliomshangaza mwenyewe, "mwaka mzima sasa. Wenzake wa botini wote walizikwa."

"Yeye umemwona?"

"Sijamwona."

"Basi andika hivyo."

Kashindye hakuandika. "Kwa nini hutaki azikwe?"

Amondi aliupuliza mkaa tena. 

"Siku ile alikuwa na homa. Alitaka kulala. Nikamwambia mwanamume halali saa za kazi, wenzake wanaezeka bati, sisi tunavujiwa. Akaondoka, hata chai hakunywa. Sasa mkimzika, nani amemuua? Si mimi?"

Mzee Owuor alikaa chini, palepale kwenye vumbi. Hasira ilimwishia.

Kashindye alifunga daftari. Mwizi alikuwa amempata, na sababu pia, na roho ilimuuma.

"Pole, mama. Lakini wazee watakwenda kuchuma tunda jingine."

"Wachume!" Amondi aliinuka sasa, pasi mkononi. "Wachume kumi! Choo changu kirefu. Mimi sijaua mtu."