Nywele Zilizofukuliwa Mgwashi

Saa moja na nusu asubuhi, ukungu ukiwa bado umelala migombani, Mama Jenoveva alikuta shimo wazi. Nywele walizonyolewa wafiwa juzi, baada ya kumzika binti yake, zilikuwa zimefukuliwa. Kufika saa tatu Mgwashi nzima ilishamjua mchawi, maana uchawi hauna haja ya ushahidi: ni jirani yao Bibi Yusta, muuza dawa za mizizi. Akapewa hadi adhuhuri awe amehama.

Secilia, mtendaji wa kijiji, alichutama penye shimo. Nywele nyeupe za bibi wa marehemu zilikuwepo. Fupi za shangazi zilikuwepo. Zile ndefu za mama ndizo hazikuwepo.

"Mchawi gani huyu anayechagua?" akauliza. "Nani alijua mmezifukia hapa?"

"Sisi tulionyolewa," Mama Jenoveva akajibu. "Na Happiness, mpwa wangu, aliyechimba."

"Bibi Yusta je?"

"Hakufika. Mguu ulimuuma."

Happiness akaja. "Shikamoo, mtendaji." Walipopeana mikono, vidole vyake vilinata.

"Gundi ya nini msibani?"

"Nilibandika viatu."

Miguuni alivaa ndala. Secilia akasukuma mlango wa chumba walichokuwa wakilala Happiness na marehemu enzi za uhai wake. Kichwa kikawatazama kutoka dirishani. Lilikuwa boga lililochorwa macho makubwa ya katuni za Kijapani, limevikwa wavu uliobandikwa nywele za mama. Secilia aliogopa kwelikweli. Mama Jenoveva akaita, "Jeni!"

Happiness akapiga magoti. "Tulijiandikisha mashindano ya Dar, ya kuvaa kama watu wa katuni za anime. Jeni angekuwa shujaa aliyemchora mwenyewe. Nilitaka niende badala yake, nifanane naye. Nywele za dukani si kama zake, mama. Zako ndizo zake."

"Na Bibi Yusta anafukuzwa, umenyamaza?" Secilia akauliza.

"Wangesema mchawi ni mimi."

Mama Jenoveva akazitoa nywele kwenye boga, akamvika Happiness. "Toka hivyo hivyo. Ukaseme."

Nyumba ya pili vijana walikuwa wakitoa godoro la Bibi Yusta. Walipomwona Happiness wakaliachia, wakarudi nyuma. Walidhani marehemu amefufuka.

"Nilifukua mimi," Happiness akasema.

Hakuna aliyesogea. Bibi Yusta peke yake alichechemea hadi kwake, akazigusa zile nywele, akamfuta machozi. Kisha akawageukia majirani.

"Haya, mchawi wenu analia. Rudisheni godoro langu ndani."