Pua ya Mirsini

Jumamosi asubuhi mtaa wa Ermu haupitiki. Wauza samaki wamepanga masanduku hadi barabarani, pikipiki zinajipenyeza kana kwamba watu hawana vidole vya miguu, na kila mwenye duka yuko mlangoni anaongea na mwenye duka jirani. Katikati ya vurugu hiyo alisimama Mirsini na koti lake jekundu, nywele kazifunga utosini kwa penseli, anawahesabu wageni wake. Walikuwa kumi na wawili, kutoka Athene na Thesaloniki, na kazi yake ilikuwa kuwapitisha kwenye vinu vya zamani vya mafuta ya zeituni vya mji wa Mitilini, kisha kuwaonjesha mafuta ya kisiwa kizima. Alipofika kumi, harufu kali ya limau ikampiga puani.

Mlangoni kwa kinyozi alikuwa amesimama kijana mwenye shati jeupe lililokunjwa mikono, anamwagia viganja vya wapita njia manukato kutoka kwenye chupa kubwa, bure, ili wakumbuke duka lake. Wageni wawili wa Mirsini walikuwa tayari wamenyoosha mikono.

"Kaka, samahani," Mirsini alisema. "Hiyo chupa yako ina kifuniko?"

"Inacho. Imekukosea nini?"

"Hawa nawapeleka kuonja mafuta. Ukishawapaka hiyo limau, mpaka saa nane wataonja limau tu."

"Basi nipake na wewe kidogo, muonje wote kitu kimoja."

Mirsini hakucheka, ingawa ilibidi aume mdomo. "Wewe ni mtu wa wapi, usiyejua mafuta?"

"Mimi? Kwetu ni milimani, juu ya Plomari. Nimelambishwa mafuta kabla sijanyonya. Naitwa Ignatis."

"Njoo uonje basi, Ignatis, tuone ulilambishwa nini. Saa sita, kwenye jumba lenye bomba refu la moshi. Na ukanawe kwanza."

Ndani ya duka kulikuwa na mzee amekaa kwenye kiti, povu nusu ya uso. Mzee huyo baadaye alisimulia mkahawani kwamba alinyolewa shavu la pili kwa kasi ambayo hajapata kuiona, na kwamba anashukuru bado ana sikio.

Saa sita Ignatis alikuwa kwenye jumba lenye bomba la moshi, kanawa hadi viwiko. Akasimama nyuma ya wageni wakati Mirsini anawaonyesha mawe ya kusagia, makubwa kumshinda mtu mrefu, na mikeka ya manyoya ya mbuzi iliyokuwa ikijazwa zeituni zilizosagwa na kupangwa chini ya shinikizo la kukamulia. Mirsini aliwasimulia bibi yake alivyookota zeituni kwa magoti, mvua ikinyesha, huku akiimba ili asilie. Kisha akawaketisha mezani mbele ya glasi ndogo za buluu. Za buluu ili jicho lisidanganyike na rangi.

"Ishike kiganjani ipate joto. Ifunike. Sasa nusa. Sasa piga funda moja na uvute hewa kwa kelele, kama unakunywa supu inayounguza. Usione haya. Ukikohoa ndiyo vizuri zaidi."

Watu wakafyonza, wakakohoa, wakacheka machozi. Alipofika kwa Ignatis akamuuliza anaonaje.

"Tamu."

"Glasi ipi?"

"Zote tatu."

"Ya pili nimeiweka makusudi, mafuta yake yameharibika tangu mwaka juzi."

"Iliyotoka mkononi mwako haiwezi kuwa imeharibika."

"Mwongo wewe."

"Mimi ni kinyozi, dada yangu. Kwenye kiti changu hakuna mtu mwenye upara."

Meza nzima ikaangua kicheko. Mirsini naye akacheka, na akiwa bado anacheka akajua kwamba amempenda, tena amempenda mtu wa ovyo, mwenye ulimi wa asali na pua ya mbao. Jamani, moyo hauulizi ruhusa. Siku ile ile alimpa namba yake.

Ukawa msimu wa simu.

"Umeamkaje, kipenzi?"

"Nimeamka na kazi. Leo naonja sampuli kumi na nne. Usinikaribie."

"Sijajipaka kitu tangu Jumatatu. Wateja wanasema nanuka kama mtawa."

"Na kahawa?"

"Kahawa nimekunywa, Mirsini. Nakupenda, lakini nina mipaka."

Alimpenda kwa hayo pia. Kila alipojua Mirsini ana siku ya kuonja, Ignatis alioga kwa sabuni isiyonukia, akaja kumngoja nje ya jumba na mkate wa ufuta, na tufaha la kusafishia ulimi. Kulikuwa na jambo moja tu lililomkereketa Mirsini. Ignatis alimwambia kila mtu anachotaka kusikia. Koti zuri, mwanao mzuri, samaki wako safi. Mirsini alikuwa na cheti cha kuonja mafuta, na ulimi wake ulikuwa ndio jembe lake. Nikiolewa na huyu, alijiuliza, nitajuaje siku anayonisifu kweli?

Desemba ikaingia, na pamoja nayo siku ya kuonja mafuta mapya mbele ya watu. Wakulima huleta chupa zao zikiwa hazina majina, namba tu, na mwonjaji husema anachokipata. Ukumbi wa jumba ulijaa hadi kwenye ngazi. Mirsini alivaa gauni la kijani kibichi na hereni ndogo za fedha. Ignatis aliketi safu ya pili, pembeni yake mwanamke mnene wa makamo, gauni jeusi, viatu vipya vinavyombana, mkoba kaupakata kwa mikono miwili. Alikuwa Bi Pelagia, mama yake mzazi, kashuka kutoka milimani kwa basi la saa kumi na mbili. Ignatis alitaka kuwakutanisha kwa namna ya kukumbukwa. Kwa hiyo alikuwa ameyaingiza mafuta ya mama yake kwenye glasi ya tatu, kimyakimya, akitarajia Mirsini ayasifu kisha yeye asimame na kusema, huyu hapa mwenyewe, mama yangu. Hakumwambia mtu.

Mirsini akainusa ya tatu. Akaifunika, akainusa tena.

"Hizi zeituni zimekaa guniani," alisema. "Wiki nzima, labda na zaidi. Zikapata joto, zikachacha. Mwenyewe anaamini zikisubiri zinatoa mafuta mengi. Hazitoi." Watu walikuwa wanamsikiliza vizuri, naye akanogewa. "Kwa saladi simshauri mtu. Kwa taa ya kanisani, sawa, watakatifu hawana ulimi."

Ukumbi ulicheka. Mwanamke wa safu ya pili hakucheka. Alisimama taratibu, akaweka mkoba begani.

"Hayo mafuta ni yangu, binti," alisema Bi Pelagia. "Marehemu mume wangu aliyala miaka thelathini na minane, na alikufa kwa moyo, si kwa tumbo."

Akatoka kwa viatu vyake vipya, na Ignatis akamfuata, uso umemshuka. Mirsini alibaki na glasi mkononi.

Simu ilikuja kesho yake mchana.

"Nimekosa mimi," Ignatis alisema. "Ningekuambia. Lakini mama hali, Mirsini. Kijiji kizima kishasikia habari ya taa."

"Kwa ile taa nitamwomba radhi hata kwa magoti. Ule ulikuwa mdomo wangu tu, na nimeona aibu usiku kucha."

"Basi mpigie. Mwambie ulikuwa na mafua. Pua ilikuwa imeziba. Neno dogo tu."

"Sikuwa na mafua."

"Najua hukuwa na mafua."

"Mafuta yale ni mabovu, Ignatis. Siwezi kusema ni mazima."

"Hata kwa ajili yangu?"

"Nikidanganya kwa ajili yako leo, kesho nikikuambia nakupenda utaniaminije?"

Upande wa pili Mirsini akasikia mkasi, na redio ya dukani, na mtu akiomba apunguziwe pembeni.

"Basi," Ignatis alisema, na simu ikakatika.

Siku tisa hakupiga. Mirsini naye hakupiga, maana kiburi hakina dawa dukani. Akabadili njia, akawazungusha wageni wake kwa nyuma ya kanisa kuu ili asipite Ermu, wageni wakalalamika miguu. Alionja mafuta ya watu na yote aliyaona machungu. Siku ya kumi simu ikalia, namba asiyoijua.

"Mimi Pelagia," ilisema sauti. "Wa taa."

Mirsini akasimama wima pale pale njiani. "Mama, naomba unisamehe kwa yale maneno. Yalikuwa ya kijinga."

"Yalikuwa. Ignatis ananiambia ulikuwa na mafua."

Kumbe kamsemea uongo. Mirsini alihisi hasira imempanda hadi masikioni. "Sikuwa na mafua, mama."

"Ndivyo nilivyomwambia. Mwenye mafua hawezi kunusa gunia. Kesho tunavuna. Uje."

"Nije kufanya nini?"

"Kuvuna. Unalijua gunia kwa pua, tuone kama unalijua na kwa mgongo."

Alienda. Nyavu zilikuwa zimetandikwa chini ya mizeituni kwenye ngazi za mawe za mlimani, bahari iko mbali chini, na juu ya mti alikuwa Ignatis na fimbo yake, kavaa viatu vya mjini ambavyo havikuwa na faida yoyote kule. Alipomwona Mirsini aliacha kupiga matawi.

"Shikilia kazi," mama yake alimwambia.

Walifanya kazi bila kusemeshana, zeituni zikiwadondokea vichwani, hadi mchana walipoketi kula dagaa wa chumvi, mkate, na jibini iliyolazwa kwenye mafuta. Ignatis alimsogezea Mirsini kipande kikubwa. Mirsini alikipokea bila kumtazama.

"Umenisemea uongo," alimwambia.

"Niliogopa."

"Ulimwogopa nani?"

"Nyote wawili. Wewe hujui ilivyo kukaa kati yenu."

Saa tisa Bi Pelagia akaamuru magunia yote yapakiwe garini, yapelekwe kinuni. Majirani waliokuwa wanavuna upande wa pili wakamuuliza kama anahama, maana miaka yote magunia yake yalipangwa kibarazani mpaka Jumapili ya pili.

"Leo hii hii," alisema. "Nataka kujua."

Kwenye kinu cha kijiji walipanga foleni saa nzima, kisha mafuta yakaanza kutoka bombani, mazito, ya kijani kama majani yenyewe. Mwenye kinu akawaokea mkate juu ya jiko la kuni, kama afanyavyo kila msimu. Bi Pelagia akachovya, akatafuna. Akakohoa mara mbili. Machozi yakamtoka.

"Yanauma koo," alisema.

"Ndivyo yanavyotakiwa, mama."

"Nasikia yanavyotakiwa. Mimi nakuambia siyapendi." Akafungua mkoba, akatoa chupa ya mafuta yake ya zamani, akainusa macho kafumba, muda mrefu. "Na hapa gunia limo. Umesema kweli. Wewe umeniambia yangu mbele za watu, na mimi nakuambia ya kwako mbele za watu. Tuko sawa."

"Tuko sawa, mama," Mirsini alisema, na kifua kikamlegea kwa mara ya kwanza baada ya siku kumi.

"Sasa huyu." Bi Pelagia akamgeukia mwanawe, akamwekea vipande viwili vya mkate, kimoja cha mafuta mapya, kimoja cha yale ya zamani. "Onja, useme. Na ukisema yote matamu utashuka Mitilini kwa miguu."

Watu wa foleni wakasogea. Ignatis akala cha kwanza, akakohoa. Akala cha pili. Akamtazama mama yake, akamtazama Mirsini, na Mirsini akaona jasho linamtoka kipajini na baridi yote ile. Nafsi yake ilimwomba Mungu Ignatis aseme kweli, yoyote ile, hata ya kuudhi.

"Napenda ya zamani," Ignatis alisema.

Akamgeukia Mirsini.

"Nimenusa gunia. Umenifundisha na sasa nalinusa, sina ujanja. Ni mabovu. Nimeyala tangu nina jino moja na nayapenda kuliko haya ya kijani, na nitayapenda mpaka nizeeke. Halafu ile habari ya mafua ilikuwa aibu. Nilikuwekea uongo mdomoni, nikakaa siku tisa nasubiri unipigie wewe."

"Kumi."

"Kumi. Nataka nikuoe, Mirsini. Hili silisemi kama kinyozi."

Mirsini alijisikia furaha imemjaa. Mwanamume huyu, kwa mara ya kwanza tangu amjue, alikuwa amemwambia kitu ambacho hakutaka kukisikia, na hapo hapo akamwambia kile alichokitaka kuliko vyote. Sasa angeweza kuamini vyote viwili.

"Una ladha mbovu kabisa," alimwambia.

"Ninayo."

"Mafuta yale hayataingia kwenye saladi yangu."

"Nitatengeneza yangu pembeni."

"Basi jikoni tutaweka madebe mawili."

Ignatis alitazama huku na huku, kana kwamba kuna mtu wa kumtafsiria. Bi Pelagia akafuta midomo kwa leso.

"Hiyo ni ndiyo au siyo?" aliuliza.

"Ni ndiyo, mama," Mirsini alisema.

Mwenye kinu alikuwa amelifunga debe la mafuta ya kijani, anauliza alipakie kwenye gari la nani. Bi Pelagia akampisha njia.

"Hilo ni la mkwe wangu," alisema. "Lishike vizuri."