Vigae vya Chumba cha Mama Odilia

Tekla alikuwa anapepeta mchele uani kwake Lipangalala, lakini mawazo yake yalikuwa chumbani. Mwisho wa mwezi mama yake, Odilia, angekuja kutoka Masagati kuishi nao. Mama haoni. Hutembea kwa kupapasa kwa miguu. Safari iliyopita alijikwaa kwenye shimo katikati ya chumba, akaanguka, na nyonga ikamsumbua msimu mzima. Tekla alikuwa hajajisamehe.

Mumewe, Kasmiri, alitoka chumbani na kigae kimoja cha mfano, uso wake uking'aa kwa furaha.

"Mama Noela," alimwambia mkewe, "nimemaliza kupima. Nimekipanga kigae kufuata ukuta, pande zote nne. Ishirini na vinane vinatosha chumba cha mama. Kesho nakwenda kununua."

Jirani yao Levina, fundi wa kuweka vigae, alikuwa amekuja kuazima ungo. Alitabasamu.

"Shemeji, ukishazunguka tuta la jaruba lako, umeshapanda mpunga?"

"Bado. Hapo nimeona mpaka tu. Mpunga unapandwa ndani."

"Basi hata chumbani umepima tuta."

Kasmiri alikitazama kigae, kisha akakitazama chumba. Mkulima wa miaka yote hiyo, na hilo limempita! Tekla alishtuka. Vigae vingeishia katikati ya kazi, na pale alipoangukia mama pangebaki vilevile.

Levina alitoa futi kamba mfukoni, wakaingia wote.

"Urefu ni mita nne. Upana ni mita tatu. Zidisha nne kwa tatu, unapata kumi na mbili. Hilo ndilo eneo la chumba, mita za mraba kumi na mbili."

Akachukua mkaa, akachora sakafuni mraba wa mita moja kila upande.

"Kigae hiki kina nusu mita kila upande. Mama Noela, vingapi vinajaza mraba huu?"

Tekla akakihamisha kigae mwenyewe, kona kwa kona.

"Vinne."

"Na miraba iko kumi na miwili."

"Kumi na mbili mara nne," Tekla alisema taratibu. "Arobaini na vinane."

"Ongeza vitano, maana vingine huvunjika. Hamsini na vitatu. Na mchague vyenye uso wa kukwaruza. Vile laini vitamtelezesha mama."

Levina aliziba mashimo kwanza, akasawazisha sakafu, ndipo akaweka vigae. Vilifika mpaka kona ya mwisho.

Siku mama alipofika, Levina naye alikuwepo. Tekla alimshika mama mkono hadi mlangoni. Mama alivua ndala, akaingia. Katikati ya chumba mguu wake ulisita, ukapapasa huku na huku.

"Tekla, lile shimo liko wapi?"

"Halipo, mama."

"Mshukuru Levina, mama," alisema Kasmiri. "Mimi nilikuwa nimekupimia tuta, kandokando ya kuta tu."

Mama alicheka. "Asante, Levina. Asanteni, wanangu."

Kisha akauachia mkono wa binti yake, akatembea peke yake mpaka ukuta wa upande wa pili.